Ruth Negga wa Passing na Loving: ni Mhabeshi au Muayalandi? Na alianzia wapi?

Binti_Ilala

Wakuu habari za jioni, naombeni msaada kwa wanaomjua huyu dada.

Wikiendi niliangalia Passing, ile muvi ya Netflix isiyo na rangi, ya New York ya miaka ya 1920. Kuna mwigizaji anaitwa Ruth Negga kacheza Clare, mweusi mwenye ngozi nyeupe anayeishi kama mzungu hadi mume wake wa ndoa hajui, na huyo mume anawachukia weusi kupita maelezo. Nilipomaliza nikairudisha nyuma kuangalia tena pale mwanzo hotelini, joto kali nje, Irene, rafiki yake wa zamani, kaingia kupumzika kofia kaishusha usoni, anakunywa chai yake kwa wasiwasi af anagundua kuna mwanamke meza nyingine anamkazia macho. Clare hajaongea chochote lakini kwenye yale macho unaona raha na hatari vyote kwa pamoja, na unaona kabisa kamjua Irene kabla Irene hajamjua yeye. Mi kwakweli nilisisimka.

Kaka yangu ndo akanionyesha kwamba huyohuyo ndo Tulip wa Preacher, ile tamthilia ya TV!! Yule mwanamke anayepigana na jibaba ndani ya gari linalokimbia katikati ya shamba la mahindi, af akishamaliza anakaa na watoto wawili anawafundisha kutengeneza bazuka kwa makopo. Watu wawili tofauti kabisa, sauti tofauti, mwendo tofauti, hata shingo anaishika tofauti.

Maswali yangu ni haya. Kwanza asili yake ni wapi, maana wengine wanasema Mhabeshi wengine Muayalandi. Pili alianzia kwenye filamu au jukwaani, kwa sababu anavyotumia mwili wake haonekani mtu wa kamera peke yake. Tatu nimesikia aliwahi kucheza Hamlet, yaani Hamlet mwenyewe sio mchumba wa Hamlet, ni kweli? Na kama ni hodari hivi kwanini Oscar hana?

---

Mzee_wa_Steji

Mwanangu Binti_Ilala asante kwa uzi, huyu ni mwigizaji ninayempenda kuliko wengi na sioni watu wakimjadili humu.

Asili ni kote kuwili. Amezaliwa Addis Ababa, baba daktari Mhabeshi, mama nesi wa Kiayalandi aliyekuwa kule kikazi. Ni miaka ya mwanzo ya 80 hiyo, Ethiopia iko chini ya Derg, serikali ya kijeshi ya Mengistu, nchi imebanwa kila upande. Alipofika miaka 4 mama akamchukua wakaenda Ayalandi, wakakaa Limerick, mji wa magharibi kule, baba hakusafiri nao. Mtoto ana miaka 7 baba akafariki kwa ajali ya gari. Kwahiyo Uhabeshi wake ni wa damu na wa jina, kulelewa kalelewa na mama na ndugu wa mama, halafu sekondari akasoma London. Shahada alirudi kuichukua Dublin, Trinity College, pale Samuel Beckett Centre, akasomea uigizaji.

Swali lako la pili umeliona vizuri sana, huyu ni mtoto wa jukwaa. Mwaka 2003 alikuwa kwenye igizo la Duck la Stella Feehily, anacheza binti wa Dublin anayetaka kutoka kwenye maisha ya ubabe wa mwanaume wake, na hapo ndipo watu wa maigizo wa London walianza kumwandika. 2004 ikaja filamu ya Capital Letters, akacheza msichana wa Kiafrika anayeingizwa Dublin kimagendo. Mwongozaji Neil Jordan alimfanyia usaili kwa ajili ya Breakfast on Pluto akampenda mpaka akabadilisha skripti ili amuingize, ndo ile ya 2005 na Cillian Murphy, yeye ni Charlie, rafiki wa mhusika mkuu.

Sasa watu wengi hapo wangekimbilia Hollywood moja kwa moja ila yeye akaendelea kukaa kwenye steji. 2009 yuko National Theatre London kwenye Phèdre pamoja na Helen Mirren, na lile igizo lina historia yake, ndo la kwanza National Theatre kulirusha laivu kwenye majumba ya sinema, Juni 2009, kwahiyo watu wa miji mingine wakaliona usiku uleule. Hippolytus wa mle alikuwa Dominic Cooper, yuleyule aliyekuja kuwa mchungaji kwenye Preacher. 2010 hapohapo National Theatre akawa Ophelia, yule mchumba wa Hamlet, Hamlet akiwa Rory Kinnear. Na 2011 ukumbi wa Old Vic akacheza Pegeen Mike kwenye The Playboy of the Western World.

Hii ya mwisho naomba niikalie kidogo maana ndo inanigusa zaidi. Hilo igizo la J.M. Synge lilipofunguliwa Abbey Theatre Dublin Januari 1907 watu walifanya fujo ukumbini siku kadhaa, polisi wakaitwa, kisa wanasema mwandishi kawadhalilisha Waayalandi wa kijijini hasa wanawake wao. Pegeen Mike wa kwanza alikuwa Molly Allgood aliyetumia jina la kisanii Máire O'Neill, na ndiye alikuwa mchumba wa Synge mwenyewe. Ni nafasi ambayo kila mwigizaji wa kike wa Ayalandi anaiwazia, binti wa mwenye baa ana ulimi mkali lakini moyo umechoka na kijiji chake. Miaka 104 baadaye anaisimamia binti aliyezaliwa Addis Ababa, anaongea ile lugha ya Synge yenye mizunguko kama amezaliwa Mayo, kule magharibi ya Ayalandi. Kuna watu wanataka Oscar ndo iwe kipimo, mimi kipimo changu ni hicho.

Hamlet nawaachia wengine kwanza, vidole vimechoka.

---

KipepeoKE

Niko Nairobi na huyu Ruth ni mtu wangu kabisa, so wacha niongee kuhusu Loving juu hamjaigusa.

Loving ni ya 2016, Jeff Nichols ndiye aliongoza, na ni story ya ukweli. Richard Loving, mzungu fundi wa kujenga kwa matofali, na Mildred, dada mweusi mwenye damu pia ya wenyeji asilia wa Marekani, wanatoka Caroline County huko Virginia. Walioana Washington DC Juni 1958 juu kwao Virginia ndoa kama hiyo ilikuwa kosa la jinai. Wakarudi nyumbani, wiki chache tu baadaye sherifu akawavunjia mlango usiku akawamulika tochi wakiwa kitandani. Cheti cha ndoa kiko hapo ukutani, sherifu anawaambia huku hakifanyi kazi. Hukumu ilikuwa mwaka mmoja jela lakini imesimamishwa, sharti wahame jimbo miaka 25. Mildred ndiye aliandikia barua Robert Kennedy akiwa mwanasheria mkuu, barua ikafika kwa mawakili wa ACLU, shirika la kutetea haki za raia, kesi ikaenda mpaka Mahakama Kuu ya Marekani na tarehe 12 Juni 1967 sheria hizo zote za kukataza ndoa za rangi tofauti zikatupiliwa mbali.

Sasa kwa muvi zingine hapo ungepata hotuba ndefu za mahakamani, watu wakilia, muziki juu. Hakuna. Karibu kila kitu kiko jikoni na sebuleni kwao. Kuna pale wakili anapiga simu mara ya kwanza, Mildred amesimama ameshika risiva, na huskii sana maneno ya upande ule mwingine, unaona tu uso wake. Anasema ndio, anasema asante, na macho yanaanza kufunguka polepole, anajizuia asifurahi haraka juu ashaumizwa kitambo. Ni kitu ndogo sana lakini mi hulia kila nikiona. Alimsoma Mildred kupitia ile documentary ya Nancy Buirski ya HBO, iko na video za zamani za hao wawili wakiwa nyumbani, ndio maana ile sauti ya chini na ile aibu yake inatoshea hivo.

Na Joel Edgerton naye Muaustralia! Muaustralia na Muayalandi ndio wamebeba story ya Virginia na huwezi skia nyufa popote.

Oscar aliteuliwa kwa hiyo, sherehe ya 2017, mwigizaji bora wa kike, na ndio uteuzi pekee hiyo filamu ilipata. Alikuwa na Meryl Streep, Natalie Portman, Isabelle Huppert na Emma Stone, Stone ndiye alichukua na La La Land. Aki mi naona kura zilienda kwa mwenye kuimba na kucheza, kazi ya kunyamaza ni ngumu kuonekana kwa kura. Lakini Passing ilimpa Spirit Award, tuzo ya filamu huru za Marekani, mwaka 2022, na kwa BAFTA na Golden Globe pia aliteuliwa. Kwa hivyo hajakosa heshima.

---

Mkereketwa_07

Nampenda na mimi ila hapo kwenye Hamlet nitatofautiana na nyie, naomba mnivumilie.

Hamlet ni mtoto wa kiume wa mfalme, kiti cha baba yake kimechukuliwa na baba mdogo na mama yake kaolewa na huyohuyo baba mdogo, hasira yake yote ni ya mtoto wa kiume aliyenyimwa nafasi yake. Ukimuweka mwanamke pale igizo linaacha kuongelea hicho kitu linaanza kuongelea mwanamke aliyevaa suruali, watazamaji watakaa saa tatu wanamuangalia yeye badala ya kumsikiliza Hamlet. Kwani nafasi za wanawake ziliisha? Aandikiwe mpya. Mtu mwenye kipaji kile sioni kwanini ashindane kwenye nguo za mwanaume.

---

Mpwani_Dublin

Assalam alaykum ndugu zangu. Mie naishi Dublin na lile igizo nililiona kwa macho yangu, basi wacha niseme nilichokiona kisha kila mtu ahukumu.

Ilikuwa 2018, Gate Theatre, pale juu mwisho wa O'Connell Street. Ukumbi wenyewe mdogo, viti havifiki 400, ukikaa nyuma kabisa bado unauona uso wa mtu. Gate ni ya tangu 1928 na hata Orson Welles alianzia kazi hapo akiwa kijana mdogo. Mwongozaji alikuwa Yaël Farber wa Afrika Kusini, na kazi zake khasa ni za giza, moshi, sauti nzito chini kwa chini, hakuharakishi, na hili lilikwenda zaidi ya saa tatu.

Ruth ni mdogo wa umbo, wallahi ukikutana naye njiani utampita. Alitoka na suti nyeusi na nywele amezilaza nyuma, na hakujaribu kujifanya mwanamme hata kidogo, hakutia sauti nzito wala hakutanua miguu, wala hakujaribu kutuonesha kuwa yeye mwanamke. Alikuwa mtu aliyefiwa na baba. Ndugu yangu Mkereketwa, hoja yako ya mtoto wa kiume naielewa, lakini pale ukumbini kilichokuja mbele ni msiba. Kila mtu kwenye lile kasri keshavua nguo za msiba isipokuwa yeye, na wote wanamwambia yatosha sasa. Ile hotuba maarufu ya kuishi au kufa watu wengine wanaisema kama wimbo wa taifa, yeye aliisema kama mtu anayelifikiria lile jambo kwa mara ya kwanza na anaogopa anakoelekea, akisita, akirudi nyuma. Jirani yangu, bibi mtu mzima, alikuwa kashika kiti cha mbele kwa mikono miwili.

Nami nilikuwa na jambo jengine kichwani, lile la baba yake kufariki yeye akiwa mtoto wa miaka saba. Sisemi ndilo lililomfanya acheze vile, hilo analijua mwenyewe. Lakini mtazamaji hawezi kulisahau.

Baadaye wakalipeleka New York, St. Ann's Warehouse kule Brooklyn, mwanzoni mwa 2020, likawahi kuoneshwa kabla korona haijafunga majumba yote mwezi wa tatu.

---

Mzee_wa_Steji

Mpwani_Dublin umenifanya nikuonee wivu wa heri, ahsante sana kwa kutuletea.

Mkereketwa_07 mdogo wangu, nikuongezee tu historia. Enzi za Shakespeare mwenyewe wanawake hawakuruhusiwa jukwaani London, Ophelia na Gertrude mama yake Hamlet walichezwa na wavulana na watu wakalia vilevile. Wanawake waliruhusiwa baada ya 1660. Sarah Bernhardt wa Ufaransa alicheza Hamlet 1899 akiwa na miaka zaidi ya 50, Asta Nielsen wa Denmark akacheza kwenye filamu ya kimya ya 1921. Na kwa Waayalandi wenyewe Siobhán McKenna, aliyekuwa nguzo ya maigizo yao karne iliyopita, alimcheza Hamlet New York miaka ya 1950. Fiona Shaw wa Cork, wengi mnamjua kwa Harry Potter na Killing Eve, alicheza mfalme Richard II National Theatre mwaka 1995, wazee wa magazeti wakapiga kelele kabla hata pazia halijafunguliwa, sasa hivi linatajwa kwenye madarasa. Kwahiyo Ruth kaja kwenye njia ambayo shangazi zake wa kisanaa walishaifyeka.

Mi kinachonishangaza zaidi ni hii hesabu, 2010 ni Ophelia, 2018 ni Hamlet. Miaka minane. Alikaa jukwaani usiku baada ya usiku akimsikiliza Kinnear akiyasema yale maneno huku yeye ni binti anayefukuzwa aende kwenye nyumba ya watawa, halafu anarudi upande wa pili kuyasema yeye kwa Ophelia mwingine. Ni mwigizaji gani anapata hiyo nafasi.

---

Mkereketwa_07

Mzee hizo hoja nimezipokea, za historia hazina ubishi. Bado kwa igizo lenyewe nasimama nilipo, mi naamini jinsia ya Hamlet ina kazi mle ndani hasa anavyomtukana mama yake. Ila maelezo ya mwana wa Pwani yamenifanya nitamani ningekuwepo nikaona.

Kuna igizo lake ambalo sina neno nalo kabisa, Macbeth ya Broadway 2022, Longacre Theatre, Daniel Craig akiwa Macbeth na yeye mke wake, mwongozaji Sam Gold. Waliosoma Makbeth ya S.S. Mushi wanamkumbuka yule mama, ndo anayemchochea mume amuue mfalme akiwa mgeni nyumbani kwao. Waigizaji wengi wanamfanya shetani tangu dakika ya kwanza, uso umekunjwa, sauti ya kichawi. Ruth alimfanya mke anayempenda mumewe na anayetaka mambo yao yaende, mwepesi, mchangamfu, anamshika mkono anamsukuma taratibu, na ndo inatisha zaidi kwa sababu unaona jinsi mtu wa kawaida anavyofika kule. Hilo jukwaa lenyewe lilikuwa limeachwa wazi karibu tupu, waigizaji wengine na nguo za kawaida, watu wengi walilisema vibaya igizo kwa ujumla lakini yeye wakamtoa pembeni wakamsifu, akateuliwa Tony, tuzo kubwa ya maigizo ya Broadway.

---

Binti_Ilala

Jamani nimesoma zote nimechelewa hata kupika. Asanteni sana mzee wangu na nyote.

Nauliza lingine. Huko Ayalandi wanamchukuliaje? Maana sisi huku tukiona jina la Negga tunasema huyu wetu, wa jirani hapo juu ya Kenya, kama tulivyompokea Lupita. Wao wanasema ni wao?

---

Mpwani_Dublin

Dada Binti_Ilala, huku magazeti yalipoandika uteuzi wa Oscar walisema Ruth wa Limerick, na Limerick walifurahi khasa. Yeye mwenyewe ukimsikiliza kwenye mahojiano anajiita Muayalandi na anajiita Mhabeshi bila ya kuchagua kimoja, na lafudhi yake ya kawaida ni ya kwao huku, ile ya Virginia na ile ya Clare ni kazi.

Lakini lazima niseme na upande wa pili maana mie naishi humu. Alipokuwa anaanza kazi, Juni 2004, nchi hii ilipiga kura ya maoni kubadilisha katiba ili mtoto anayezaliwa hapa asipate uraia moja kwa moja kama wazazi ni wageni, na karibu asilimia 79 walikubali. Mwaka huohuo ndio ilitoka Capital Letters yake. Basi kwa miaka ile Muafrika kwenye filamu za hapa alikuwa ni mkimbizi au mtu wa kuhurumiwa, na yeye alianza na nafasi hiyohiyo. Ukitoka hapo mpaka Pegeen Mike, mpaka kuwa Hamlet kwenye Gate, mpaka Rosie wa Love/Hate ile tamthilia ya majambazi wa Dublin ambayo kila nyumba iliangalia na hakuna aliyeuliza kwanini Rosie ni mweusi, utaona kuwa nchi imesogea, na yeye ni mmoja wa walioisogeza kwa kufanya kazi tu. Watoto wangu wamezaliwa hapa. Wakimuona kwenye televisheni hawaoni ajabu yoyote, na mie hilo linanipa faraja kubwa.

---

KipepeoKE

@Mpwani_Dublin umeongea vizuri sana. Na kuna pattern mi huona kwa kazi zake, si lazima iwe mpango lakini iko. Shirley ya BBC 2011 alikuwa Shirley Bassey, mwimbaji wa Cardiff, baba Mnigeria mama Muingereza, na hiyo ilimpa IFTA, tuzo ya filamu na TV ya Ayalandi, huko kwao. Mildred wa Loving. Clare wa Passing, na Rebecca Hall aliyeiongoza Passing pia alikuwa anatafuta story ya familia yake mwenyewe, juu babu yake mzaa mama kule Detroit aliishi kama mzungu. Wote ni watu ambao sheria au majirani wanawauliza wewe ni nani hasa. Na mahali mwigizaji mwingine angefanya uso wa huzuni, Ruth huwa anaweka kiburi kidogo. Clare angekuwa mwanamke wa kuhurumiwa kwa mkono wa mtu mwingine. Kwa Ruth ni mtu ana njaa ya maisha, anacheka sana, anaingia kwa nyumba ya Irene kama anaenda kwao, na ndio Tessa Thompson, aliyecheza Irene, anakuwa na kitu cha kuogopa.

Hata Tulip. Kwa komiki ya Preacher Tulip ni mzungu wa nywele za rangi ya dhahabu, wakampea Ruth, watu wakalalamika kwa intaneti mwezi mmoja hivi, episode ya kwanza ikatoka 2016 wakanyamaza. Alikaa misimu yote minne.

---

Binti_Ilala

Sawa nimeelewa, na hiyo ya Clare kucheka sana umenifungua macho, ni kweli anacheka karibu kila sini mpaka unaanza kuogopa na wewe.

Basi wiki hii naanza na Loving. Baadae nifuate nini? Kaka anasema Ad Astra ila mi muvi za anga za juu hazinishiki.

---

Mkereketwa_07

Ad Astra ni ya Brad Pitt, yeye ana dakika chache tu, amezaliwa Mars na ana taarifa anazotaka kumpa jamaa kuhusu baba yake. Anafanya vizuri lakini sio ya kuanzia. World War Z na Warcraft pia usizitafute kwa ajili yake.

---

KipepeoKE

Loving, halafu Presumed Innocent ya Apple ya 2024, vipindi vinane tu. Jake Gyllenhaal ni mwendesha mashtaka ameshtakiwa kwa kumuua mwanamke aliyekuwa anatoka naye kazini, na Ruth ni Barbara, mke. Kwa karatasi ni ile nafasi ya mke anayekaa nyuma ya mume kortini, unajua zile. Aliteuliwa Emmy, tuzo kubwa ya TV ya Marekani, kwa hiyo. Angalia mikono yake na mdomo wakati mashahidi wanasimulia mambo ya mumewe na huyo mwanamke mbele ya watu wote, na watoto wake wako hapo. Kamera inarudi kwake mara kwa mara na kila mara amebadilika kidogo, wakati mwingine ni kumeza mate tu. Usisome chochote kuhusu mwisho wake kabla hujamaliza, na mwambie kaka yako pia anyamaze.

---

Mzee_wa_Steji

Naunga mkono Kipepeo. Na ukishamaliza hizo mbili rudia Passing, safari hii mfuate Clare kwenye zile sini ambazo wengine ndio wanaongea, hasa kwenye dansi ya Harlem, na ile anayopanda ngazi kwenda juu kwenye sherehe ya mwisho. Halafu uje utuambie humu umeona nini, nitakuwepo.